Mfanyabiashara na Uongozi: Hukumu Yangu ya Mjadala

Mhariri wa gazeti letu ameniomba niandike machache juu ya mjadala wa muhula huu, kwa kuwa mimi ndiye niliyekuwa mwamuzi. Alitaka niwaeleze wasomaji kwa nini upande mmoja ulishinda na mwingine ukashindwa. Nimekaa na kalamu siku tatu, na kila nilipojaribu kuitetea hukumu yangu niliona maneno hayaji. Basi badala ya kueleza kwa nini upande ule ulishinda, nitaeleza kwa nini naona nilikosa.

Waliokuwapo bwaloni usiku ule watakumbuka mada yenyewe: "Mfanyabiashara hafai kukabidhiwa uongozi." Upande wa watetezi walisema mambo tuliyoyazoea, kwamba mfanyabiashara hutafuta faida tu, kwamba akipata kiti atakigeuza duka, na kadhalika. Upande wa wapinzani ulikuwa dhaifu mpaka aliposimama msichana mmoja wa Kidato cha Pili. Yeye hakupiga kelele. Alitoa mfano mmoja tu, wa Bibi Eleni Kounalakis wa jimbo la California katika Marekani, aliyekuwa mfanyabiashara wa ardhi na majumba kwa muda wa miaka kumi na minane, kisha akawa balozi, kisha Naibu wa Gavana wa jimbo lile lenye watu karibu milioni 39. Tangu cheo hicho kilipoanza mwaka 1849, hakuna mwanamke aliyepata kukichukua kwa kura kabla yake. Msichana wetu alisema baba yake bibi huyo alikuwa kibarua wa mashambani, mhamiaji kutoka Ugiriki, "na leo tazameni binti yake." Bwalo lilitikisika kwa makofi.

Ndipo kijana mmoja wa Kidato cha Nne aliponyosha mkono, akauliza swali moja: "Je, fedha za kampeni zilitoka wapi?" Msichana hakujibu. Kijana akajibu mwenyewe, kwamba baba yule alikuwa kibarua zamani, lakini binti alipokua baba alikwisha kuwa tajiri mkubwa, na mwaka 1998 si mwaka 2018. Msichana akakaa kitako. Nami nikaandika alama zangu, nikawapa ushindi watetezi wa mada.

Nitaanza kwa kumpa kijana haki yake, maana alisema kweli. Bwana Angelo Tsakopoulos alifika Marekani kutoka Ugiriki akiwa kijana mdogo, mwanzoni mwa miaka ya 1950, akafanya kazi za mikono, kisha akaingia katika biashara ya ardhi kandokando ya mji wa Sacramento, akatajirika sana. Eleni alizaliwa mjini Sacramento mwaka 1966. Alisoma katika chuo cha Dartmouth, akamaliza mwaka 1989, kisha akapata shahada ya pili ya biashara katika Chuo Kikuu cha California, Berkeley, mwaka 1992. Alipotoka shuleni hakwenda kutafuta kazi mlango kwa mlango kama wanavyokwenda vijana wetu. Aliingia katika kampuni ya baba yake, AKT Development, na baadaye akawa mkuu wake. Mwaka 2018 alipogombea unaibu gavana alitoa mamilioni ya dola katika mfuko wake mwenyewe, na baba yake alitoa mamilioni mengine kwa kamati iliyomfanyia kampeni mbali na kamati yake. Yote haya yameandikwa katika hesabu za uchaguzi ambazo sheria ya kule inawalazimisha kuzitangaza. Hapana siri.

Kwa hiyo msichana wetu alikosa alipoifanya habari ile kuwa hadithi ya binti wa kibarua. Hakuwa binti wa kibarua. Alikuwa binti wa mtu aliyekuwa kibarua, na baina ya maneno hayo mawili pana mali nyingi sana.

Lakini mimi ni mwalimu wa kutunza vitabu vya hesabu, na kazi yangu kila asubuhi ni kuwaambia watoto kwamba ukurasa una pande mbili. Kijana alitusomea upande mmoja, nami nikafunga kitabu. Hakuna hata mtu mmoja bwaloni, mimi nikiwa wa kwanza, aliyeuliza: Je, huyu bibi alipokwisha kukaa katika kiti, alifanya kazi gani, na biashara ilimfundisha nini kilichomfaa katika kazi ile?

Hapa sina budi kueleza cheo chenyewe, maana kwetu Tanzania hakipo. Jirani zetu wa Kenya wanao manaibu wa gavana katika kaunti zao tangu mwaka 2013, lakini wao huchaguliwa pamoja na gavana kwa kura moja. Gavana humteua mwenzake, nao husimama kama mtu na kivuli chake. California si hivyo. Kule Naibu wa Gavana huwa na karatasi yake ya peke yake, akaomba kura zake mwenyewe, hata yawezekana gavana akatoka katika chama kimoja na naibu katika chama kingine. Mwezi wa Novemba 2018 Bibi Kounalakis alishindana na Bwana Ed Hernandez, mtu wa chama chake mwenyewe cha Democratic, kwa kuwa sheria ya kule huwapeleka katika uchaguzi wa mwisho wale wawili waliopata kura nyingi katika mchujo, hata wakiwa wa chama kimoja. Bwana Hernandez alikuwa seneta wa jimbo, na kazi yake ya asili ni kupima macho. Nashangaa kidogo kwamba hatujapata kusikia mjadala juu ya kama wapima macho wanafaa kutawala.

Kazi za naibu huyu, kwa kusema kweli, si kubwa. Gavana akitoka nje ya jimbo, naibu hukaimu. Kura za Seneti zikilingana, yeye huamua. Wapo waliokidharau cheo hiki, wakasema ni mahali pa kungojea ugavana tu. Lakini pana kazi moja ambayo watu hawaitazami, nayo ni ya kukaa katika mabaraza. Naibu wa Gavana ni mmoja wa watawala wa Chuo Kikuu cha California, chenye matawi kumi. Ni mmoja wa wadhamini wa vyuo vikuu vya jimbo, vyenye wanafunzi zaidi ya 400,000. Na ni mmoja wa watu watatu wanaoongoza Tume ya Ardhi ya Jimbo.

Ni hiyo tume ya ardhi iliyonifanya nirudie karatasi yangu ya alama.

Tume hiyo ilianzishwa mwaka 1938. Hutunza ardhi ambayo ni mali ya watu wote: sakafu ya bahari kutoka pwani mpaka maili tatu za baharini, vitanda vya mito na maziwa yanayopitika kwa vyombo, na ardhi inayofunikwa na maji kupwa na kujaa. Jumla yake ni kama ekari milioni nne, yaani eneo linaloupita mkoa wetu wa Kilimanjaro. Ardhi hiyo haiuzwi kama kiwanja. Hukodishwa kwa bandari, kwa magati, kwa mabomba, na zamani kwa visima vya mafuta. Mwaka 1969 mafuta yalipomwagika mbele ya mji wa Santa Barbara na kuchafua pwani, mlango ulifungwa, na tangu mwaka ule tume haijatoa mkataba mpya wa kuchimba mafuta baharini.

Ipo pia ardhi nyingine katika mikono ya tume hiyo, nayo huitwa ardhi ya shule. Mwaka 1853 serikali kuu ya Marekani iliipa California vipande viwili katika kila eneo lililopimwa, kipande cha 16 na cha 36, ili visaidie elimu ya watoto. Nyingi ya ardhi hiyo iliuzwa zamani sana. Iliyosalia ni zaidi ya ekari 450,000, nyingine ni jangwa tupu, na mapato yake siku hizi huingia katika mfuko wa malipo ya uzeeni ya walimu. Walimu wenzangu wataniwia radhi nikikiri kwamba hapo nilisoma mara mbili.

Sasa fikirini. Mtu ambaye mali ya nyumba yao imetokana na kununua na kuuza ardhi amewekwa kutunza ardhi isiyouzwa. Kijana wetu wa Kidato cha Nne angesema fisi amekabidhiwa bucha. Nami sikatai kwamba hofu hiyo ina maana. Mtu anayejua bei ya ardhi kabla ya wengine aweza kujinufaisha, na ndiyo sababu kule wamewekewa sheria ya kutangaza mali zao na ya kujitoa katika shauri linalowagusa. Sheria kama hizo zisipokuwapo, au zikiwapo na zisifuatwe, mimi ningekuwa wa kwanza kupiga kura pamoja na kijana.

Lakini tazameni biashara ya ardhi ilivyo. Si kama duka la sukari, ununue asubuhi uuze jioni. Mtu hununua shamba nje ya mji, akangoja miaka. Hutafuta maji yatakapotoka na barabara itakapopita. Huomba kibali kwa baraza la mji. Huketi katika mikutano ya hadhara, akasikiliza jirani mmoja akilalamikia vumbi na mwingine akilalamikia wingi wa magari, na baraza likikataa kibali, fedha zake zimelala. Mtu aliyeishi maisha hayo miaka kumi na minane ameijua serikali kutoka upande ambao viongozi wengi hawapati kuujua, yaani kutoka benchi la wanaongojea mlangoni. Amejua pia udhaifu wake. Huko ndiko kufaa kwake, na huko huko ndiko kunakotia hofu. Ni ujuzi mmoja. Anayejua jinsi mkataba wa ardhi unavyoandikwa kumpendelea mpangaji ndiye awezaye kuuona mkataba mbaya ukiletwa mezani, na ndiye pia awezaye kuuandika. Kwa hiyo swali si kama mtu alifanya biashara. Swali ni amekaa upande gani wa meza sasa, na nani anamtazama.

Nikasema nitazame basi matendo machache. Katika mambo ya ada za vyuo amejulikana kwa kupinga zisipandishwe. Mwaka 2023 wadhamini wa vyuo vikuu vya jimbo walipitisha ada iongezwe kwa asilimia 6 kila mwaka kwa miaka mitano, kuanzia mwaka wa masomo wa 2024. Yeye alikuwa upande wa waliokataa, wakashindwa. Waliotaka nyongeza walikuwa na sababu yao nzito, maana vyuo vilikuwa na upungufu mkubwa wa fedha na mishahara ilidaiwa. Mwenye biashara, kwa mawazo ya watetezi wetu wa mada, angetazamiwa kusema: bei na ipande. Hakusema hivyo. Mtu aweza kunijibu kwamba ni rahisi kwa mwanasiasa kukataa ada na kuwaachia wengine tabu ya kutafuta fedha, na jibu hilo sina namna ya kulivunja. Nasema tu kwamba kura ile haikuwa kura ya mwenye duka.

Tendo jingine ni la tarehe 31 Machi 2022. Gavana Gavin Newsom alikuwa nje ya jimbo, na mswada ulikuwa tayari wa kuongeza muda wa kuwalinda wapangaji waliokuwa wameomba msaada wa kulipa kodi ya nyumba baada ya ule ugonjwa wa korona, wasifukuzwe mpaka mwisho wa mwezi wa Juni. Muda wa ulinzi wa kwanza ulikuwa unakwisha siku ile ile. Bibi Kounalakis, akiwa kaimu gavana, akautia sahihi. Katika historia yote ya California hakuna mwanamke aliyepata kutia sahihi mswada ukawa sheria kabla yake. Hata hapo si wote waliofurahi; wapo watetezi wa wapangaji waliolalamika kwamba sheria hiyo ilizizuia halmashauri za miji kuweka ulinzi mkubwa zaidi. Lakini nimeiona ajabu, na naiona bado, kwamba sahihi ya kwanza ya mwanamke katika vitabu vya sheria vya jimbo lile ilikuwa ya mtu wa biashara ya majumba, na iliwekwa juu ya karatasi ya kuwazuia wenye nyumba.

Habari ya ubalozi nitaipita upesi. Rais Obama alimpeleka Hungary mwaka 2010, naye akakaa mpaka 2013. Desturi ya Marekani ya kuwapa ubalozi watu waliosaidia kuchanga fedha za uchaguzi ni desturi ya zamani, vyama vyote viwili huifuata, nami siipendi hata kidogo. Ila aliangukia katika miaka migumu, maana Viktor Orbán alirudi madarakani mwaka ule ule wa 2010 na katiba mpya ya nchi ile ikapitishwa mwaka 2011. Aliandika kitabu juu ya miaka hiyo, kikatoka mwaka 2015. Nadhani huko ndiko alikojifunza kwamba serikali yaweza kubadilishwa umbo lake kwa kura halali, jambo ambalo shamba la Sacramento lisingemfundisha.

Alichaguliwa tena mwaka 2022, na katiba ya jimbo haimruhusu kukishika cheo hicho mara ya tatu. Mwaka 2023 alitangaza kwamba atagombea ugavana. Mwezi wa Agosti 2025 akajitoa katika mashindano hayo, akasema atagombea uweka hazina wa jimbo. Kwa hiyo hata fedha na jina havikumfikisha kokote alikotaka. Wapo waliomcheka. Mimi mwalimu wa hesabu sioni aibu kwa mtu kuacha kiti cha gavana akaomba kitabu cha hazina.

Sasa nirudi kwetu, maana kama ni habari ya California tu nisingewachosha wasomaji.

Siku ya Jumatatu baada ya mjadala, yule msichana alikuja ofisini kwangu na barua. Alikuwa amejiandikisha mchepuo wa biashara kwa mwaka ujao, naye ni mmoja wa watoto wawili au watatu ninaowategemea kila mwaka wazifanye hesabu zilingane bila kunung'unika. Barua yake inaomba jina lake liondolewe. Nilimwuliza sababu. Akanijibu kwa adabu, macho chini: "Mwalimu, kama biashara inataka fedha za baba, basi mimi sina la kufanya huko. Mama yangu anauza mchele sokoni."

Sikuwa na jibu la haraka. Ningeweza kumwambia kwamba bidii hushinda yote, lakini yeye mwenyewe alikuwa amekwisha kusikia bwaloni kwamba sivyo, na aliyepiga muhuri maneno yale ni mimi. Wala singetaka kumdanganya kwamba atakuwa Naibu wa Gavana. Nilimwambia aniachie barua.

Mzazi wake nimeonana naye tangu hapo. Alikuja siku ya wazazi na daftari lake la mauzo, akitaka nimtazamie hesabu ya mkopo wa kikundi chao cha sokoni, ambacho yeye ni mweka hazina wake. Wanawake ishirini na wawili wamemkabidhi fedha zao. Hakuna aliyemwambia kwamba hafai kwa kuwa ni mfanyabiashara. Walimchagua kwa sababu hiyo hiyo, maana wanajua anajua mchele umenunuliwa kwa kiasi gani, na hawezi kudanganywa. Tena wanamtazama kila Jumamosi, daftari likiwa wazi juu ya gunia. Nililikuta kosa moja tu, la shilingi mia tano, tena alikuwa amejidai mwenyewe kinyume cha faida yake.

Nadhani kama mjadala ungalirudiwa ningalimpa kijana alama zake zote za swali lile, kwa kuwa ni swali ambalo kila mpiga kura hana budi kuliuliza. Lakini ningalimtaka aendelee. Kuuliza fedha zilitoka wapi ni nusu ya hesabu, na nusu ya pili ni kazi iliyofanyika. Na msichana ningalimpunguzia alama kwa kutuficha mali ya baba, ila nisingalimpunguzia kwa mfano wenyewe, maana mfano ulikuwa mzuri kuliko alivyojua.

Mwalimu Mkuu ameniambia matokeo yamekwisha kutangazwa na kikombe kimekwisha kupelekwa bwenini, kwa hiyo hayabadiliki, nami nakubali. Orodha ya michepuo hufungwa Ijumaa ya wiki ijayo. Barua ingali mezani pangu chini ya kitabu cha mahudhurio, na sijaitia sahihi.